Mwenye Neno Shavile: Concepta Felicien Lezama, 1954–2023

Concepta Agatha Lezama, binti Felicien, ambaye wengi mliokusanyika hapa mlimwita Tanti Ceppie, yaani Shangazi, alizaliwa Jumatano tarehe 8 Desemba 1954 huko Paramin, kilimani juu ya Maraval. Alikuwa mtoto wa nne kati ya saba wa marehemu Ignatius na marehemu Agatha Felicien, wakulima wa vitunguu vya majani na mimea ya viungo. Alibatizwa katika kanisa hili hili tulimoketi.

Alilelewa zaidi na bibi yake, Ma Zelie, aliyesema patwa tu, ile Krioli ya Kifaransa, na hakuona sababu ya kusema kingine. Mashamba ya Paramin yamening'inia, na mvua ikinyesha udongo wake huwa kama sabuni. Mtoto akianguka na kapu lake, Ma Zelie hakumkimbilia wala hakumpa pole. Aliendelea kupalilia, akasema bila kugeuza kichwa, "Chaviré, lévé." Umepinduka, inuka. Alilisema haraka, kwa pumzi moja, kama mtu anayekohoa. Concepta alikuwa na miaka mitano, akasikia ni neno moja. Siku moja aliteleza kutoka kwenye pipa la maji hadi kwenye migomba, akasimama na majani ya vitunguu yakiwa yamemjaa kichwani, akazungusha mabega mara mbili kama mchezaji aliyepanga kushuka vile, akamwambia bibi yake, "Usiniangalie. Nimeshavile."

Ma Zelie alicheka mpaka akakaa chini. Neno lilianza hapo, katika kosa la mtoto, na familia inaomba lieleweke hivyo, kwa kuwa yamesemwa mengi.

Alisoma shule ya msingi ya pale pale kilimani kuanzia 1960, kisha Maraval hadi 1970. Nyakati zile mtoto aliyesema patwa darasani alisimamishwa nyuma ya mlango. Concepta aliujua mlango ule mbele na nyuma. Alipokuwa darasa la tano aliandika katika insha kwamba mbuzi wa jirani alishavile darajani. Mwalimu akalizungushia neno wino mwekundu.

"Concepta, hakuna neno kama hili."

"Sasa lipo, Mwalimu. Umelizungushia."

Alisimama nyuma ya mlango hadi kengele ya kurudi nyumbani.

Mwaka 1971 alianza kuuza mimea ya viungo katika soko kuu la Port of Spain, kazi aliyoifanya kwa miaka arobaini na minne kwenye meza ile ile, ya tatu kutoka lango la mashariki. Mafungu yake aliyafunga kwa kamba ya mgomba, hakutaka mpira. Aliyemwomba apunguze fungu alipunguziwa. Aliyeidharau meza yake alifungiwa majani ya juzi.

Jumatatu ya Kanivali, tarehe 25 Februari 1974, mchana, alikuwa akitembea na bendi moja ya wapiga mapipa ya chuma kutoka Belmont. Bomba lilikuwa limepasuka barabarani. Kisigino cha kiatu chake kilikatika, akaenda chini mzima mzima mbele ya magurudumu ya mapipa. Waliokuwapo wanasema hawakuona alivyoinuka. Waliona tu kwamba pigo la muziki lililomkuta chini lilimkuta tena amesimama, mabega yakizunguka, kiatu kimoja mkononi. Kijana aliyekuwa akipiga chuma, kile kipande cha breki ya lori kinachoshika mwendo wa bendi nzima, alisahau kupiga. Jina lake Hollis Lezama, seremala wa Belmont.

"Dada, umeanguka au umeshuka?"

"Nimeshavile. Piga chuma chako, watu wanakungoja."

Kufika jioni barabara nzima ilikuwa inashavile, na wengi wao hawakuwa wameanguka. Concepta aliliona hilo siku ile ile na halikumpendeza. Asiyeanguka, alisema, hawezi kushavile. Huyo anacheza tu, na kucheza kuna jina lake.

Mwaka 1976 mwimbaji mmoja aliyejiita Mighty Tamarind alitoa wimbo juu ya neno hilo. Wimbo ulikuwa mtamu, na hata marehemu alikubali kwamba ulikuwa mtamu. Lakini ndani yake mwanamke alikuwa anashavile kitandani, na kila ubeti ulizidi kumvua nguo. Nchi nzima ikaimba. Wiki mbili baadaye mwimbaji alifika sokoni kununua viungo vya kitoweo, akiwa na miwani ya jua.

"Kaka Tamarind," Concepta alimwita, "neno langu umelipeleka wapi?"

"Binti, neno ni la watu wote. Mimi nimelitembeza tu."

"Umelitembeza bila nguo."

"Wanalipenda hivyo."

"Hata wewe wanakupenda hivyo, mbona umevaa suti?"

Soko lilicheka hadi kwa wauza samaki. Tamarind alinunua mafungu sita ambayo hakuyahitaji, lakini wimbo hakuubadilisha.

Hapa ndipo yalipoanza magumu. Mwezi huo huo, Bi Eulalie Pantin, aliyekuwa kiongozi wa kwaya ya parokia, alimwita Concepta pembeni baada ya misa. Alimwambia kwamba mwanamke aliyeleta neno lile duniani hawezi kusimama kwenye kwaya.

"Neno gani, Bi Eulalie?"

"Unalijua. Siwezi kulitamka."

"Ni rahisi. Ulimi unaanzia mbele."

Alitolewa kwenye kwaya tarehe 2 Mei 1976. Jumapili iliyofuata alikuja na kofia ya manjano, akaketi benchi la kwanza upande wa kulia, hatua nne kutoka kwa kwaya, na akaimba sauti ya pili kuwazidi wote. Aliketi hapo kila Jumapili kwa miaka arobaini na sita. Mnaliona benchi hilo. Leo hatujamkalisha mtu hapo.

Concepta na Hollis walifunga ndoa hapa Jumamosi tarehe 30 Julai 1977. Walijaliwa watoto wawili, Zelia na Anselm. Hollis alimjengea nyumba Paramin yenye ngazi kumi na tisa, na kwenye ngazi ya mwisho alichonga neno lake kwa patasi, kwa kuwa hiyo ndiyo iliyowaangusha wageni. Mtoto wao wa tatu, Ignatius, aliishi siku tisa mwaka 1983. Siku ya kumi na mbili Concepta alirudi sokoni. Mwenzake wa meza ya jirani alimuuliza yu hali gani, akajibu, "Ninashavile, dada. Bado niko katikati." Hollis alifariki mwaka 2009, na hakuna aliyemsikia Concepta akilitumia neno hilo kwa mwaka mzima. Kisha siku moja akalitumia.

Mwaka 1994 alitembelewa na mtafiti kijana, Bwana Fitzgerald Roopchand, aliyekuwa akikusanya maneno ya nchi kwa ajili ya kamusi. Alikuwa na kadi, na kwenye kadi palikuwa tayari pameandikwa: kushavile, kukatika kiuno kwa namna ya aibu. Marehemu aliisoma mara mbili.

"Umewahi kushavile, mwanangu?"

"Mimi ni msomi tu, Tanti."

"Vua viatu."

Alimtwika kapu la vitunguu na kumpeleka shambani mvua ikinyesha. Mara ya kwanza kijana alianguka akabaki pale, akitafuta miwani. "Hiyo ni kuanguka," marehemu akamwambia kutoka juu. "Rudi." Mara ya pili aliinuka akiomba radhi. "Hiyo ni adabu. Rudi." Mara ya tatu alikwenda chini hadi kwenye migomba, akatoka huko akicheka, tope hadi masikioni, mabega yakimzunguka yenyewe. Marehemu akamrushia taulo.

"Sasa andika."

Aliandika. Kamusi ilipotoka mwaka 1996, neno lilikuwa na maana mbili. Ya kwanza ilikuwa ile ya aibu. Ya pili ilisema: kuanguka na kuinuka ndani ya pigo moja, kabla mtu hajapata nafasi ya kukuonea huruma. Bwana Roopchand alieleza kwamba wakubwa wake hupanga maana kwa wingi wa matumizi. Marehemu alimsikiliza, akamkaribisha chai, akamwambia, "Mimi si maana ya pili." Kisha akachukua kalamu na kubadilisha namba katika nakala yake. Baadaye alibadilisha pia katika nakala ya maktaba ya mjini, na za shule tatu. Familia haiombi radhi kwa hilo.

Kisukari kilimpata mwaka 2008. Mwezi Juni 2017 alianguka kwenye ngazi ya kumi na tisa, na kidonda kile hakikupona. Mguu wa kushoto ukakatwa chini ya goti. Muuguzi aliyempokea hospitali alikuwa msichana mdogo, akamuuliza imekuwaje.

"Nilishavile ngazini."

Msichana alijizuia, akashindwa. "Tanti, kwa umri huo? Na nani?"

Marehemu alicheka naye, kisha akamweleza yote, kuanzia kwa Ma Zelie. Aliporuhusiwa kutoka, baada ya majuma saba, akiwa na mguu wa bandia na gongo, msichana yule aliandika kwenye ubao ulio juu ya kitanda, mahali pa maelezo ya hali ya mgonjwa: Ameshavile. Daktari aliuliza maana yake. Akaelezwa.

Katika Kanivali ya mwaka huu alikaa barandani kwenye kiti, akazungusha mabega kila bendi iliyopita redioni. Figo zilishindwa wiki tatu baadaye. Alifariki nyumbani Jumanne tarehe 14 Machi 2023, saa tatu asubuhi, Zelia akimshika mkono. Alikuwa na miaka sitini na minane. Neno lake la mwisho kwa Zelia lilikuwa juu ya siku ya leo: "Lisomwe humo ndani. Lilinitoa humo, lirudi humo, na mimi nikiwa nyuma yake."

Alhamisi kamati ya ibada ilirudisha maandishi haya yakiwa yamekatwa kila palipokuwa na neno hilo. Waliandika kwamba maneno ya Kanivali hayafai kanisani, hasa Kwaresima. Zelia alikwenda kwa Padri, akamweleza maana yake.

"Mimi sitalitamka, Zelia."

"Hatukuombi ulitamke, Padri. Tunaomba usikohoe tukilitamka."

Padri alikubali. Limechapwa kila mahali lilipokatwa, na hadi hapa hajakohoa.

Marehemu ameacha watoto wawili, Zelia na Anselm, wajukuu watano, kitukuu mmoja, aliyeanza kutembea mwezi uliopita na ambaye hakuna anayeruhusiwa kumwinua, ndugu wawili, Theophilus na Martina, wenzake wa soko, na Bi Eulalie Pantin, mwenye miaka tisini na moja, ambaye yupo nasi. Marehemu alimpelekea fungu la vitunguu kila Jumamosi tangu mama huyo alipodhoofika, na kila Jumamosi alimwuliza kama ameshaweza kulitamka. Jana Bi Eulalie alimwambia Zelia kwamba ameanza mazoezi.

Ameacha pia neno moja, lenye maana moja, ile ya kwanza.

Kutoka hapa tutapanda naye hadi makaburini. Usiku wote mvua imenyesha, na wachukuzi wameonywa. Atakayeteleza asipewe pole. Anajua la kufanya.

Apumzike kwa amani Concepta. Neno lake lisipumzike.