Sabuni ya Kitabu cha Mjerumani

Benchi la Rajabu muuza kahawa liko nyuma ya soko la Kariakoo, upande wa wapasua nazi, na wanaolikalia ni wale wale kila alasiri. Yupo Mzee Uwesu, aliyekuwa karani wa Wajerumani kabla ya vita vya kwanza, ndiyo maana wakamwita Mjerumani. Yupo Theophil, mwalimu kutoka Kilimanjaro, anayeitwa Gramu kwa sababu hata kashata anataka ipimwe. Na yupo Bakili mpika sabuni, jina lake la kijiweni Povu, mtu mpole siku zote. Siku hiyo hakuwa mpole. Alifika na mche wa sabuni mkononi, akaubwaga juu ya benchi hadi vikombe vikaruka.

— Mmeniharibia jina! Mche huu umerudishwa, na si wa kwanza. Selina mfua nguo ameungua viganja, ngozi inatoka kama ganda la kitunguu!

— Tulia, Povu, alisema Rajabu. Kunywa kwanza.

— Sinywi! Namtaka mwenye kitabu.

Mwenye kitabu alikuwa hapo hapo, na kitabu kilikuwa mapajani mwake, kimefungwa kwa kitambaa. Ni kitabu cha kemia, cha kale hasa. Bwana wa Mzee Uwesu alikirithi kwa babu yake huko kwao, akakiacha alipokimbia vita. Mwezi uliopita Mzee aliwasomea ukurasa wa sabuni, Gramu akageuza vipimo, na Bakili akapika vile vile walivyomwambia: mafuta ya nazi kiasi hiki, soda ya kupikia sabuni kiasi hiki. Kabla ya hapo alikuwa akipika kama baba yake, kwa kukisia, kisha anakata kipande na kukilamba. Kikimng'ata ulimi, sabuni bado. Gramu ndiye aliyemcheka. Alisema kulamba ni kazi ya mbuzi, siku hizi watu wanapima. Bakili akaona haya, akaacha, na hilo ndilo lililokuwa likimchemsha moyo kuliko yote.

— Kitabu hakina kosa, alisema Mzee Uwesu. Kosa ni la aliyegeuza vipimo.

— Hesabu zangu ziko sawasawa! Gramu akaruka. Kitabu chenyewe ndicho kibovu, Mzee, uniwie radhi. Si umetusomea mwenyewe kwamba ndani ya kuni mna kitu cha moto, kuni zikiwaka kinatoka? Uongo mtupu! Moto unakula hewa. Watoto ninaowafundisha wanalijua hilo.

— Mbona ukurasa wa sabuni hukuuita uongo? aliuliza Bakili.

Gramu akakohoa.

— Soda ni soda, bwana.

— Soda ni soda? Mzee akamgeukia. Soda ya kitabuni ilikuwa ya majivu ya magugu ya pwani. Hii ya Povu ni ya kopo, imeshushwa bandarini juzi, kali kama nini! Mimi nilisema.

— Ulisema lini, Mzee wangu? Bakili sauti ilimpanda hadi wapasua nazi wakageuka. Nimelileta kopo hapa. Mkalishika, mkalisoma, mkatikisa vichwa. Wote!

Rajabu aliona kahawa yake inapoa bure, naye akaingia kwenye ubishi.

— Mimi nawaambia, hawa Wajerumani walijua watashindwa vita. Wakaandika vipimo vya kuunguza makusudi, atakayeokota kitabu akome.

— Kitabu kina zaidi ya miaka mia, we! alisema Gramu. Vita gani?

— Basi kimechacha. Maneno yakilala sana kwenye karatasi yanakuwa makali, kama tembo la mnazi.

— Mjinga wewe, alisema Mzee. Elimu hii watu wameihangaikia. Yuko Mjerumani mmoja alichemsha mikojo, ndoo kwa ndoo, anatafuta dhahabu.

— Mikojo? aliuliza Rajabu.

— Mikojo. Dhahabu hakuiona, akapata kitu kinachong'aa gizani.

— Labda na nyie mlisoma ukurasa huo, alisema Rajabu.

Siku nyingine Bakili angecheka mpaka ashike mbavu.

— Mtu anachemsha mikojo mnamwita msomi, alisema, mimi nikilamba sabuni yangu mnaniita mbuzi!

— Shikamooni, ilisema sauti nyuma yao.

Alikuwa Selina mwenyewe. Hakuwahi kufika kijiweni hapo. Mikono yake ilikuwa imefungwa vipande vya kanga, ameishika mbali na mwili, hataki iguse kitu.

— Marahaba, alijibu Mzee peke yake.

— Kaka Bakili, sikuja kugomba. Zamani nikija kununua ulikuwa unakata kipande unakilamba mbele yangu, mpaka nakucheka. Hii niliyofulia, nani aliilamba?

Gramu akaanza kuvitazama viatu vyake. Mzee Uwesu, bila kuulizwa, akafungua kitambaa, akakifunua kitabu, akaweka kidole chini kabisa ya ukurasa.

— Kulamba kumo humu, alisema taratibu. Mstari wa mwisho. Onja kwa ncha ya ulimi. Siku ile niliufikia, na Gramu ndiyo kwanza alikuwa amemaliza kumcheka Povu. Nikaona nitakitia kitabu aibu. Nikauruka.

Damu ilimpanda Bakili kichwani. Aliunyakua mche, akamsogezea Gramu mdomoni.

— Lamba!

Gramu akarudi nyuma nusura aanguke na benchi. Bakili akamgeukia Mzee, lakini mvi zile hazikemewi, na hasira ikakosa pa kwenda. Akaulamba mwenyewe. Ulimi ukawaka moto, machozi yakamtoka, akatema, akatema tena. Rajabu akamkimbilia na kikombe cha maji.

Selina alimtazama mpaka akamaliza. Hakuwa na hasira hata kidogo, na hilo likamuuma Bakili kuliko ulimi.

— Nguo za watu zimo kwenye beseni tangu asubuhi, alisema. Sasa nazifua kwa mikono ya nani?

Rajabu aliinamisha birika, yakatoka mashapo matupu. Bakili alitaka kusema neno, ulimi ukakataa. Akakunja mikono ya shati hadi juu ya viwiko, akamwashiria Selina atangulie kwenye beseni.