Alianza kama Maiti

Benchi letu liko nje ya duka la Sadiyo, hatua chache kutoka stesheni ya Stechford, na hapo hakuna tusilolijua. Jumamosi moja ya mwaka 2006 Salat, tunayemwita Mjerumani kwa sababu aliishi Ujerumani miaka tisa kabla ya kuja Birmingham, alifika na fomu mfukoni. Binti yake Luul amepata nafasi ya kusomea uigizaji, na baba lazima atie sahihi kabla ya Jumatatu. Sadiyo akamimina kahawa, nasi tukaanza kumsaidia.

— Kuigiza si kazi, akasema Salat.

— Si wewe ulitupigia stori za yule mwigizaji Gudrun Tessmar? nikamkumbusha. Kila jioni ulikuwa unamwona kwa TV kule kambi ya wakimbizi.

— Huyo ni tofauti. Alianza kama maiti. Dakika mbili, kalazwa mezani, kimya. Mwaka uliofuata, nesi. Halafu daktari. Nikitoka Ujerumani alikuwa jaji.

— Si hiyo ni promotion? akasema Mohamednoor, dereva wa forklift huko Tyseley. Hata mimi nilianza na ufagio. Haraka haraka haina baraka, na maiti hana haraka.

Gédéon wa Bukavu, mzee wa kanisa tunayemwita Askofu, akatikisa kichwa.

— Banamupandisha cheo juu ya ule ufufuko. Mutu alikufa, akarudia muzima, ni nani atamukatalia kazi? Mwaka kesho atakuwa ministre.

— Rais kabisa, akasema Mohamednoor. Na Luul atakuwa jaji wetu hapa. Parking ticket zote anafuta.

Nikaunga mkono. Mimi sipendi kubishana na watu wenye uhakika.

Salat akaitoa fomu, akaikunja tena.

— Na akibaki maiti miaka yote? Nikiwa sipo, nani atamlisha? Naogopa, jamani.

Mireille, msusi mgeni wa saluni ya jirani, alikuwa mlangoni pa duka na maziwa aliyonunua, amesikia yote.

— Papa Luul, weye ulishaka muona Luul akicheza?

Salat akanitazama. Mimi nikamtazama Askofu. Stori za Gudrun tulikuwa nazo miaka mizima. Za Luul, hata zile dakika mbili hatukuwa nazo.

Mireille akaonyesha dirishani. Tangazo la onyesho la shule, leo saa nane, jina la Luul juu kabisa, lilikuwa limebandikwa nyuma ya vichwa vyetu wiki mbili.

Salat akasimama.

— Sadiyo, nipe kalamu.

— Unasaini?

— Kwanza nikamwone. Kalamu naenda nayo.