Fanueli Kihwele, Mjenzi wa Magereza ya Mazimwi

Tarehe 30 Juni 2025 Fanueli Kihwele anastaafu, baada ya miaka ishirini na miwili katika redio yetu ya Nyanda Sauti, hapa Iringa. Aliajiriwa mwaka 2003 kama fundi mitambo. Kipindi cha hadithi cha Jumamosi alikipata kwa sababu mtunzi wake alihamia Mbeya na hakuna mwingine aliyenyoosha mkono.

Katika hadithi zake zote kuna zimwi mwenye gereza chini ya ardhi. Gereza moja lilikuwa kwenye shimo la dhahabu kule Chunya, lenye vumbi kiasi kwamba zimwi alipiga chafya kila alipotaka kunguruma. Jingine lilikuwa na mlango wa paini mbichi. Mbao zilipokauka mlango ulipinda, ukagoma kufunga, ikabidi zimwi aushikilie kwa mgongo. Akibanwa na haja, alimwomba mfungwa amshikie. Yohane, seremala wa Mafinga, alipiga simu hewani kwa hasira: "Fundi gani huyo? Mnatuharibia soko huku!"

Mwaka 2016 alikuja mkuu mpya wa vipindi, Gideoni Mwakalinga. "Zimwi asiyetisha ni jirani tu," alisema kikaoni. Alitaka giza, minyororo na mafuvu, la sivyo muda ule upigwe muziki. Fanueli aliandika kama alivyoagizwa. Kipindi hakijaisha, Esnath wa Mgololo akapiga: "Kaka, wanangu wamezima redio wakaingia uvunguni. Nani atawatoa?" Gideoni alisema kosa ni la mtunzi, akampa Jumamosi moja ya mwisho.

Safari hii Fanueli alileta zimwi aliyelelewa vizuri. Kwake mfungwa haliwi kabla ya kusalimiwa, na ukoo wote ulipita mmoja mmoja na salamu yake ya kamwene, ukiuliza habari za nyumbani, mifugo na mahindi. Mfungwa alipoona salamu zimekwisha, aliaga. Zimwi, kwa kuwa mgeni haachwi aende peke yake, alimsindikiza hadi barabarani. Mfungwa naye aliona aibu mwenyeji arudi mwenyewe, akamsindikiza hadi gerezani. Kipindi kiliisha wangali njiani, wakirudishana.

Simu zilichelewesha taarifa ya habari. Andendekisye, mkulima wa Mbeya, alikuwa amepata ufumbuzi: "Mwambieni mfungwa aseme amesahau mtoto sokoni, akimbie!" Muziki haukupata muda ule.

Fanueli hueleza jambo hili kwa ufupi. Msikilizaji mwenye hofu huona minyororo tu. Akishacheka, huanza kuutazama mlango na kufikiri angetokaje. Watoto wa Esnath walirudi redioni, na kwa miaka kadhaa wametutumia mbinu za kutoroka, nyingi zikiwa bora kuliko zetu.

Mwaka huu wasiwasi wake ulikuwa mmoja, kwamba kipindi kitaondoka pamoja naye. Kisha Gideoni aliomba akiendeshe yeye. Wiki iliyopita alifanya jaribio studioni. Zimwi wake alimkaribisha mfungwa, akamvutia kigoda karibu na moto, akamuuliza kama mvua zimenyesha vizuri kwao, na akasahau kabisa kunguruma. Fanueli alisikiliza mpaka mwisho. Hakusahihisha kitu.

Asante, Fanueli. Miparachichi yako ya Kilolo izae, magoti yakutii, na mapumziko yako yawe marefu na yenye kicheko.