Jina Lisiloandikika

Mnisamehe, nitaisimulia vibaya tangu neno la kwanza, maana jina la mzee mwenyewe siwezi kuliandika. Nikiandika Mele nimekosea, nikiandika Nele nimeharibu kabisa. Kwao kisiwani herufi ile hutamkwa ulimi ukigusa mdomo wa juu, sauti ikatokea puani. Basi awe Mele, tusikeshe. Jioni hiyo alikuwa kwenye benchi la kilabu cha kava, kile kinywaji cha mizizi, karibu na gati la mji wa Luganville, pamoja na Bati, mwenye kelele za mvua juu ya paa, na Kasa, anayewaza polepole na kukosea upesi. Tangu mkewe afariki, hakuna aliyemwita Mele sawasawa.

— Mjukuu wangu Vosale anapita kabla ya kupanda meli, alisema. Leo namfundisha kuniita. Roho inanidunda! Leteni vifuu vingine.

Kava ikaletwa, wakanywa.

— Sauti ile imetokana na tui, alisema Bati. Wazee walikuwa na masharubu. Tui likinata juu, utaliacha? Wakawa wanaongea huku wanalamba.

— Na wanawake je? aliuliza Kasa.

— Wanawake wa zamani, ndugu yangu, usiwachokoze.

Kasa akatema mate.

— Ni pepo! Wakiona kinywa wazi, wanaingia. Babu zetu wakaziba mlango kwa ulimi.

— Wewe mbona kakuingia mmoja na kodi halipi? alisema Bati.

Mele hakucheka.

— Ilikotoka sijali. Marehemu alikuwa akiniita toka shamba la magimbi, naisikia mpaka tumboni. Nataka niisikie tena, hata kwenye simu. Leteni vingine.

Wakanywa tena. Ndipo Vosale akatokea, begi begani, anahema.

— Babu, wanapakia abiria! Haya, bibi alikuwa anakuitaje?

Mele akatoa ulimi. Kama uligusa mdomo, yeye hakujua. Kinywa chote kilikuwa ganzi kwa kava. Ikatoka pumzi, yakafuata mate. Bati akajaribu kumsaidia. Kasa naye. Watu wazima watatu, ndimi nje kama mbwa wa saa sita mchana.

— Me...le? alibahatisha binti.

— Siyo.

— Nele?

— Siyo, mama.

Meli ikapiga honi. Vosale akamkumbatia, akaanza kukimbia.

— Kwa hiyo lugha yetu ndiyo imekufa, babu? aliuliza akigeuka.

— Lugha ni nzima kabisa! alipaza sauti Mele, akijifuta kidevu. Mwalimu ndiye kafa ganzi, na kava kaagiza mwenyewe!