Inkeri na Njia ya Barafu

Nilimwambia mchungaji asome yeye wasifu wa marehemu, mimi shule niliiona kwa majira matatu ya baridi tu, lakini alitaka maneno ya nyumbani, na mama wa marehemu analia na kaka yake Tuure hafungui kinywa, basi nimeandika mwenyewe na mtanivumilia.

Mjukuu wangu Inkeri Tolvanen alizaliwa tarehe 9 Novemba 1997 hapa kijijini, mtoto wa pili wa binti yangu Marketta, mdogo wa Tuure, naye Inkeri alikuwa mwoga tangu utotoni, aliogopa giza la sauna, aliogopa mabata bukini, na kuliko vyote aliogopa ziwa linapoganda na kuguruma chini ya miguu. Alisoma shule ya hapa hadi mwaka 2013, kisha akaenda mjini Tampere kusomea filamu, akaajiriwa hukohuko, ndoa hakufunga na mtoto hakuacha, waliomposa aliwaona wavivu, na hakukosea.

Kazi yake ya mwisho ilikuwa filamu fupi ya kujionyesha yeye mwenyewe, haina kichwa wala miguu, aliitoa kwenye kitabu cha kale cha mwanamke anayevuka barafu peke yake, nikamuuliza, "Wewe unayeogopa hata ndoo ya maji?" akacheka, "Ndiyo maana, bibi, nataka woga wangu uonekane sura."

Tarehe 25 Februari 2023 kamera alishika Tuure, na yale matawi ya msonobari tunayochomeka ziwani kuonyesha njia ya barafu nene, mtu asije akaingia mkondoni, aliyang'oa yote kwa kuwa yalimharibia picha, Inkeri akamwambia, "Kaka, yarudishe, naogopa," naye akajibu, "Huo woga ndio tunaoutaka, nenda, kuku wewe!" Theluji ikaanza kuanguka, hakuona njia, barafu ikapasuka. Alitolewa akiwa hai, akafariki hospitalini alfajiri ya tarehe 27.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, jirani yetu Eino aliyelala kifudifudi juu ya barafu na kumvuta kwa kamba, na wenzake Inkeri wa kazini waliotoka mbali. Inkeri, lala mama, hakuna tena cha kukutisha.

Polisi walimwachia Tuure, mimi sikumwachia. Leo asubuhi, tulipovusha jeneza kuja hapa kanisani kisiwani, yeye alitangulia peke yake, mtaimbo mkononi, matawi mgongoni, anagonga barafu, anachomeka, anasogea, nasi nyuma yake hatupumui, na barafu ilipoguruma aligeuka kututazama, meno yanagongana, wala hakuna aliyemwambia arudi.