Mama Kwandu Anastaafu na Majina Yake Yote

Jumatatu ya tarehe 30 Juni 2025, Bi. Bonifasia Ntwari Ndassa, Mtunza Kumbukumbu Mkuu wa Chuo chetu cha Ualimu Kaniha, anastaafu akiwa na umri wa miaka sitini na utumishi wa miaka thelathini na saba kamili. Neno "kamili" nimeliandika kwa raha zangu zote. Kuanzia Oktoba mwaka jana hadi Mei mwaka huu, hakuna aliyekuwa na hakika kama miaka hiyo ingehesabiwa kuwa ni yake.

Bi. Bonifasia alizaliwa Rulenge, wilayani Ngara, mtoto wa nne wa Mzee Nyandwi, mkulima wa kahawa na migomba. Alifika hapa chuoni tarehe 1 Julai 1988 akiwa karani wa masijala, na sanduku moja la bati. Masijala yenyewe wakati huo ilikuwa chumba kilichopakana na stoo ya majembe. Majalada yalipangwa sakafuni, na mchwa walikuwa na haki sawa na watumishi. Ndani ya mwaka mmoja alikuwa amemsumbua fundi seremala mpaka rafu zikapatikana, na rafu hizo ndizo tunazotumia hadi leo.

Tarehe 15 Agosti 1992 alifunga ndoa na Bw. Shibuda Ndassa wa Nyakahura, ambaye wazazi wake walihamia huko na ng'ombe wao kutoka Shinyanga. Mwaka uliofuata alizaliwa binti yao Kwandu, na tangu siku hiyo hapa chuoni hakuna aliyemwita tena Bonifasia, wala Ntwari, wala Ndassa. Amekuwa Mama Kwandu kwa wakuu wa chuo sita, kwa wapishi, kwa walinzi na kwa vizazi vya wanachuo wasiohesabika. Huenda ndiyo maana tatizo lake lilikaa kimya kwa muda mrefu hivyo.

Waliopita hapa watamkumbuka zaidi kwa dirisha lake. Kila mwaka wanachuo wa kike na walimu vijana walikuwa wakifika pale wakitaka kubadilishiwa jina la ukoo kwa sababu wameolewa au wanakaribia kuolewa. Binti angeinama kidogo dirishani na kusema shikamoo. Mama Kwandu angejibu bila kuinua macho: "Marahaba. Cheti cha ndoa kiko wapi?" Baada ya cheti aliulizia hati ya kubadili jina iliyoandikwa na wakili na kusajiliwa. Mpaka hati irudi, jina la mume lilibaki kwenye kadi za mialiko na kwenye khanga, na si kwenye jalada.

Wapo waliomnunia. Mmoja wao ni Mwalimu Joan, ambaye ameniruhusu nimtaje. Mwaka 2006 alifika dirishani wiki tatu kabla ya harusi, akitaka matokeo yake yatoke na jina la mchumba. Alirudishwa, akalia, akaenda kumshitaki Mama Kwandu kwa mkuu wa chuo. Wiki moja baadaye mchumba alitoweka na jina lake. Leo Mwalimu Joan ni mkuu wa shule, ameolewa na mtu mwingine kabisa, na kila Krismasi humletea Mama Kwandu jogoo. Mama Kwandu humpokea jogoo kwa heshima zote, kisha humkumbusha mgeni wake kuwa hati yake ilichelewa kurudi na kwamba hajaisahau.

Sheria ya kwanza ya masijala yetu ni hati, na ya pili ni jalada la zamani. Jalada likichakaa au likibadilishwa jina, la zamani halitupwi. Huwekwa ndani ya jipya, nyuma kabisa, pamoja na kila kilichokuwa kimeandikwa juu yake. Nilipofika kuwa msaidizi wake miaka kumi na moja iliyopita, niliona huo ni ubishi tu wa kujaza rafu. Nilimwambia hivyo. Alinipa majalada mia mbili nikayapange upya kwa utaratibu huo, na hatukulizungumza tena.

Sasa nifike kwenye habari ambayo Mama Kwandu mwenyewe ameniagiza nisiifiche.

Oktoba mwaka jana ulifanyika uhakiki wa watumishi wanaokaribia kustaafu. Barua yake ilirudi na maelezo ambayo tuliyasoma mara tatu. Kitambulisho chake cha taifa, kadi yake ya bima na orodha ya mishahara vilisema Bonifasia Ndassa. Vyeti vyake vya shule na kumbukumbu za ajira za mwaka 1988 vilisema Bonifasia Ntwari. Kwa hesabu ya karatasi, Bi. Ntwari alitoroka kazini Agosti 1992 bila kuaga. Mwezi huohuo Bi. Ndassa aliingia ofisini bila barua ya ajira na amekuwa akifanya kazi ya mwenzake tangu hapo. Alitakiwa athibitishe kuwa ni mtu mmoja kabla ya tarehe ya kustaafu, la sivyo utumishi wake wote usingetambuliwa, na swali la kutumia nafasi ya mtu mwingine lingefuata.

Nililifungua jalada lake nikiwa na uhakika kwamba nyuma nitakuta la zamani. Halikuwepo. Katika majalada yote ya watumishi wa chuo hiki yaliyowahi kubadilishwa jina, ni lake peke yake lisilokuwa na la zamani ndani.

Mama Kwandu akakaa chini, akaniambia. Wiki ile aliyotoka fungate mwaka 1992, kabla ya mtu mwingine kufika ofisini, bibi harusi wetu alichukua jalada jipya, akaandika juu yake Bonifasia Ndassa kwa mwandiko wake mzuri kuliko wote, akahamishia karatasi humo, na la zamani akalitia kwenye boksi la taka za kuchomwa. Hakuwa na hati yoyote. Mkuu wa chuo wa wakati huo alikuwa amemwambia aifuatilie, naye aliahidi. Kisha ikaja mimba ya Kwandu, na ahadi ikapotea. Kitambulisho, bima na orodha ya mishahara vyote vilijazwa baadaye kwa kunakili jalada hilo jipya. Alipogundua uzito wa alichofanya, miaka ilikuwa imepita na aliona aibu kusema. Sheria zake zote mbili zilizaliwa hapo. Kila binti aliyemrudisha dirishani, alikuwa akimkinga asirudie kosa alilofanya yeye mwenyewe.

Nakiri nilicheka. Kisha nikaona hacheki, nikaacha.

Tulianza safari za kwenda kwa wakili, mjini Biharamulo. Wakili alisema kuna kazi mbili. Ya kwanza ni kuandika hati ya kubadili jina, ile ambayo ingeandikwa mwaka 1992. Ya pili, ngumu zaidi, ni kuthibitisha kwamba Ntwari aliyeajiriwa ndiye huyu, na kwa hilo alitaka ndugu wa damu aje kuapa. Akaja kaka yake kutoka Rulenge, Bw. Jeremia Nduwayo, amevaa koti la kanisani. Karani wa wakili alitazama vitambulisho akakunja uso. Dada anaitwa Ntwari, kaka anaitwa Nduwayo, baba anaitwa Nyandwi. Akauliza ni ndugu kwa njia gani hasa.

Walio na asili ya Ngara watalielewa hili bila maelezo. Wengine mjue kwamba kwa wazee wa huko kila mtoto alipewa jina lake siku ya kupewa jina, na baba na watoto sita wanaweza kuwa na majina saba yasiyofanana. Jina la ukoo lilikuwa swali la walimu wa shule. Bw. Nduwayo alimjibu karani kwa upole mkubwa: "Kwetu mutoto hapewi jina ra mwenzake. Ra huyu arichagua baba, hakuna mwingine mwenye naro." Karani aliandika yote, lakini akasema karatasi bado inahitajika.

Siku hiyohiyo ndipo Mama Kwandu aliposomewa rasimu ya hati. Ilikuwa imeandikwa kwa maneno ya kawaida ya hati hizo, kwamba yeye Bonifasia analiacha na kulikana kabisa jina la Ntwari, na hatalitumia tena maisha yake yote. Alipewa kalamu. Aliishika, akaisogeza, akairudisha mezani. Alisema amelitumia jina la mume wake miaka thelathini na miwili na analipenda kama anavyompenda mwenyewe, lakini hawezi kuweka sahihi kwamba analikana jina alilochagua baba yake, ambalo hata ndugu zake hawana. Mimi nilimuona Mama Kwandu akilia kwa mara ya kwanza pale, mbele ya kaka yake, na sikujua niangalie wapi. Tulirudi Kaniha bila sahihi na bila ushahidi, na zilikuwa zimebaki wiki kumi na moja.

Wiki iliyofuata Bw. Nduwayo alirudi Biharamulo na mfuko wa plastiki uliofungwa kamba. Ndani yake mlikuwa na karatasi za marehemu Mzee Nyandwi: vyeti vya ubatizo vya watoto wote sita vikionyesha baba mmoja na mama mmoja, kadi ya chama cha kahawa, na picha mbili. Kaka mtu alizitandaza mezani kwa wakili moja baada ya nyingine. Mimi sikuwa nikitazama karatasi. Nilikuwa nikitazama kilichozibeba ndani ya mfuko.

Lilikuwa jalada la chuo chetu, rangi yake imefifia kama chai ya maziwa. Namba yake ilikuwa ile ile iliyo kwenye jalada la Mama Kwandu pale masijala, na juu yake lilikuwa limeandikwa jina la Bonifasia Ntwari.

Bw. Nduwayo hakuona ajabu yoyote. Alisema Agosti ile baba yake alifika chuoni kumletea bibi harusi ndizi na kumsalimia, akapita karibu na boksi la taka. Mzee alikuwa msomaji wa shida, lakini jina alilolichagua mwenyewe alilijua likiandikwa. Aliliokota jalada, hakumwambia mtu, akaenda nalo Rulenge kuwekea vyeti vya ubatizo. Mpaka anafariki mwaka 2007 hakuwahi kumlaumu binti yake kwa neno.

Na kumbe bibi harusi, katika haraka yake, alihamisha karatasi zilizofungwa kamba tu. Barua ya ajira ya 1988 ilikuwa imegandishwa kwa gundi upande wa ndani wa jalada, kama ilivyokuwa desturi enzi hizo, na ilikuwa bado pale. Chini yake palikuwa na dokezo la mkuu wa chuo kwa wino mwekundu, lenye sahihi na tarehe: "Nimeona cheti cha ndoa cha Bi. Bonifasia Ntwari, sasa mke wa Bw. Ndassa. Jina jipya lisitumike mpaka alete hati ya kubadili jina."

Wakili alisoma, akavua miwani, akasema huu ndio ushahidi. Mama Kwandu alisoma maneno ambayo amewaambia mabinti wa watu kwa zaidi ya miaka thelathini, yakimsubiri yeye. Safari hii tulicheka sote, na yeye ndiye aliyeanza.

Kilichobaki kilikuwa chepesi. Bw. Shibuda Ndassa, ambaye siku zote hizo alikuwa akisubiri nje kwenye benchi kwa kuogopa kuonekana anashinikiza, aliitwa ndani akaulizwa maoni. Alisema alioa mtu mzima na majina yake, na hajui nani aliyesema moja litupwe. Wakili aliiandika hati upya. Kwa hati hiyo, Bonifasia Ntwari atajulikana kwa jina la Bonifasia Ntwari Ndassa, na hakuna anachokikana. Alitia sahihi bila kusita.

Hati iliyosajiliwa ilirudi Mei 21, na barua ya kuthibitisha utumishi wake wote ikafuata siku tisa baadaye. Asubuhi ile hati iliporudi nilikuwa nimekaa dirishani kwa niaba yake. Akaja upande wa nje, wanakosimama mabinti. Nikasema, "Shikamoo, Mama Kwandu." Akaitikia marahaba, na kabla sijauliza kitu akaweka mbele yangu cheti cha ndoa, na juu yake hati. Nilivikagua kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika. Alistahili, kwa yale majalada mia mbili.

Niseme na hili. Jalada la zamani lilipaswa kubaki masijala, na limebaki, nyuma kabisa ndani ya jipya. Lakini karatasi za Mzee zisingerudi Rulenge bila jalada la kuzibeba. Mama Kwandu alichukua jalada jipya na kalamu yake, akaandika juu: Watoto wa Nyandwi. Chini yake akaandika majina sita, kila mtoto na lake, na katika mstari wa nne akaandika Bonifasia Ntwari. Akampa kaka yake aende nalo nyumbani.

Mama Kwandu, ahsante kwa rafu, kwa dirisha, na kwa kila binti uliyemuudhi kwa faida yake. Nenda Nyakahura ukapumzike kwa mumeo na wajukuu, kwa afya na amani, na dunia ikuite kwa jina lolote kati ya hayo uliyonayo. Jalada lako nililifunga jana. Nimelihakiki mara mbili, na hakuna kilichopungua.

Pancras Wiston
Mtunza Kumbukumbu Msaidizi, Masijala