Sura Moja, Kambi Mbili: Remedios Dumlao Anaaga Dirisha la Dawa

Ijumaa ya tarehe 27 Juni 2025, baada ya miaka thelathini na mmoja ya utumishi, Bi. Remedios Dumlao atalifunga kwa mara ya mwisho dirisha la dawa la Kliniki ya Mtaa wa Kusini, hapa Stockton. Sote tunamwita Dada Meding. Asiyemfahamu katika upande huu wa mji bado hajaugua.

Alitoka Ilocos, kaskazini mwa Ufilipino, akiwa bibi harusi wa Ruben, fundi wa pampu za mashambani. Kazi yake ya kwanza California ilikuwa kuchambua cheri kiwandani. Hakudumu, maana, kwa maelezo yake mwenyewe, cheri ukizisemesha hazijibu. Mwaka 1994 kliniki ilitafuta karani wa dirisha la dawa anayejua Kiilokano, Kitagalogi na Kiingereza, akaajiriwa siku hiyo hiyo. Kihispania alijifunza kutoka kwa wagonjwa, ndiyo sababu mpaka leo anakizungumza kama mtu anayelalamikia kiuno.

Dirishani kuna kipaza sauti. Dada Meding hajawahi kukihitaji. Wakongwe wanaikumbuka asubuhi ile ukumbi umejaa, aliposimama na kuita, "Bwana Tarango! Ile dawa yako ya ndoa imefika!" Ukumbi mzima ukageuka. Bwana Eusebio Tarango, mchuma zabibu mwenye masharubu ya kutosha watu wawili, alinyanyuka taratibu, akavua kofia na kusema, "Bora umetangaza, Dada. Mke wangu alikuwa haamini kwamba nimeagiza." Ofisi ilimkanya Dada Meding kwa maandishi. Tangu hapo hutaja jina la mgonjwa tu, lakini kwa sauti ile ile.

Mafanikio yake makubwa ni gari la Alhamisi. Aligundua kwamba watu wa kambi za mashamba ya avokado na zabibu hawaji kuchukua dawa, kwa kuwa anayeondoka shambani mchana hupoteza kibarua. Basi akawa anawapelekea kwa Corolla yake, nami mfamasia nikiwa kiti cha pembeni, nimepakata sanduku la barafu lenye insulini. Akiendesha huimba. Ningeomba hilo lisiandikwe miongoni mwa mafanikio. Baadaye kliniki ilinunua gari la maana, lenye friji, na likawa linaendeshwa kwa pesa ya dawa.

Pesa ya dawa ndiyo iliyomtia Dada Meding matatani, kwa hiyo ni lazima niieleze kidogo. Kliniki zinazohudumia watu wa kipato cha chini huuziwa dawa kwa bei nafuu. Bima hulipa bei ya kawaida. Tofauti inabaki kwa kliniki. Mwaka jana California nzima iligombania tofauti hiyo, kwa sababu wapiga kura waliletewa hoja ya kuwalazimisha baadhi ya watoa huduma kutumia karibu pesa hiyo yote kwa matibabu ya moja kwa moja. Kambi ya Ndiyo ilisema pesa inayotokana na mgonjwa imrudie mgonjwa. Kambi ya Hapana ilisema hiyo ni fimbo ya kisiasa iliyovalishwa koti la daktari. Katikati ya kambi hizo, bila habari, aliketi Dada Meding kwenye benchi la nje ya kliniki, akila wali na adobo, nyama ya siki ya kwao.

Kijana wa kwanza alikuja na kamera mwezi Agosti. Akamuuliza: pesa ya dawa itumike kwa nani?

"Kwa mgonjwa!" Dada Meding akajibu, kijiko hewani. "Kwa nani tena? Kwa mbwa wangu?"

Siku chache baadaye akaja kijana wa pili, naye na kamera yake. Huyu aliuliza kama ni sawa wanasiasa waziamulie kliniki namna ya kutumia pesa.

"Mwanasiasa gani ameshasimama hapa dirishani?" akajibu. "Watuache tufanye kazi yetu."

Vijana wote wawili walimshukuru kwa adabu, wakampa karatasi ya ruhusa, akatia sahihi. Alidhani ni wanafunzi wa chuo.

Oktoba ikafika. Ruben alikuwa sebuleni akitazama besiboli. Wakati wa matangazo, mkewe akatokea kwenye skrini akitoa macho: kwa mgonjwa, kwa nani tena! Chini pakaandikwa: PIGA KURA YA NDIYO. Ruben akamwita, akaja mbio kutoka jikoni, wakashangilia pamoja, wakapiga simu Laoag, kule Ilocos, kwa dada zake Meding. Simu ikiwa bado sikioni, mapumziko mengine yakaingia. Dada Meding akatokea tena, benchi lile lile, blauzi nyingine: watuache tufanye kazi yetu. PIGA KURA YA HAPANA.

"Meding," Ruben alisema, "mnagombana wawili humo, na wote ni wake zangu. Nimshike mkono yupi?"

Walicheka mpaka mechi ikaisha. Kesho yake hawakucheka tena.

Ukumbini wagonjwa walimpokea kwa utani wa kuuma. "Dada, leo umekuja wewe wa Ndiyo au wewe wa Hapana?" Mwingine akauliza kama dawa yake nayo itabadilika kabla hajafika nyumbani. Alimjibu kila mmoja papo kwa papo, kama kawaida yake. Lakini mkurugenzi wetu, Daktari Ferreira, alipomwita ofisini akimtaja "Bi. Dumlao," tulijua mambo yameharibika. Milango ya kliniki yetu ni myembamba, kwa hiyo mazungumzo tuliyasikia wote.

"Umetuweka pabaya," alisema mkurugenzi. "Bodi inaniuliza kliniki iko upande gani."

"Daktari, niliulizwa maswali mawili, nikatoa majibu mawili. Wangeniuliza la tatu ningetoa la tatu."

"Hilo ndilo ninaloliogopa."

Akamwondoa dirishani. Mpaka siku ya uchaguzi, Dada Meding angepanga maboksi stoo.

Sitaki kuitia chumvi habari hii, lakini dirisha lile lilinyauka. Tulianza kutumia kipaza sauti. Wagonjwa walichukua vifurushi vyao wakaondoka bila kubishana na mtu yeyote. Bwana Tarango alikuja, akachungulia kushoto na kulia, akauliza, "Mmemfungia wapi?" Nilipomwambia, alikwenda akaketi karibu na mlango wa stoo, akaanza kumsimulia habari za masharubu yake kupitia ufa.

Utani wa watu aliuvumilia. Lililomchoma ni la Perla.

Perla Agbayani ni rafiki yake tangu siku za cheri. Kila sikukuu ya kanisa wawili hao husimama kwenye sufuria moja wakipika tambi za pansiti, na hakuna mpishi mwingine anayekaribishwa. Mwana wa Perla ameajiriwa na taasisi nyingine ya afya, kubwa kuliko yetu, kuwatafutia vyumba wagonjwa wasio na makazi. Mshahara wake unatokana na pesa hiyo hiyo ya dawa. Jumapili baada ya matangazo kutoka, Dada Meding aliingia jikoni kanisani, akamkuta Perla tayari amefunga aproni.

"Leo napika peke yangu," Perla alisema.

"Perla, hawa vijana walinikata maneno."

"Walikata maneno yako, hawakuyatunga. Mwanangu akikosa kazi nimwambie nini? Kwamba Shangazi Meding alikuwa na njaa, akajibu haraka arudi kwenye wali wake?"

Dada Meding aliweka mfuko wake wa vitunguu mezani, akatoka. Jumatatu nilimkuta stoo ameketi juu ya boksi la vitambaa vya jeraha, analia. "Perla hajakosea," aliniambia. "Nilisema kwa mgonjwa. Sikusema mgonjwa ni nani na anahitaji nini."

Alizipigia simu kambi zote mbili akiomba aondolewe. Kambi moja ilimwahidi kulifikiria. Nyingine ilimpongeza kwa sura yenye mvuto, ikamuuliza kama ana nafasi ya kurekodi tangazo la pili.

Ndipo likaja jibu la mwanasheria. Bodi ilikuwa imemwomba aisome hoja na kueleza itatuumiza kiasi gani. Daktari Ferreira alitukusanya, akasoma, akavua miwani, akasoma tena. Hoja haituhusu. Iliwalenga wakubwa, wenye matumizi mengine ambayo sisi hatuyafikii hata ndotoni. Kliniki yetu ni ndogo mno kwa sheria hiyo hata kutukanyaga.

Tulitazamana. Wiki kadhaa za kununiana, na hatukuwa kwenye orodha ya wagomvi!

Mkurugenzi, kwa hisani yake, alikwenda mwenyewe stoo. "Rudi dirishani, Dada Meding. Samahani. Tuliogopa bure."

Mtu mwingine angekimbilia dirishani. Dada Meding alibaki pale pale juu ya boksi. "Kama haituhusu, basi hatuna cha kuogopa," alisema. "Tuwaite wagonjwa, waulize pesa ya dawa hapa kwetu inakwenda wapi. Wewe ujibu."

"Mimi?"

"Nimejibu mara mbili, Daktari. Sasa ni zamu yako."

Mkutano ulifanyika Jumamosi mchana, ukumbini, na lumpia za Dada Meding, zile sambusa ndefu za Kifilipino, zilijaza watu kuliko tangazo lolote. Wagonjwa waliuliza bila haya, na Daktari Ferreira, tumpe haki yake, alijibu bila kuficha. Alikiri kwamba bodi ilitaka kununua duka la fanicha lililofungwa jirani ili liwe ofisi mpya. Na ili pesa itoshe, gari la Alhamisi lingesimamishwa.

Mama mmoja kutoka kambi ya zabibu alisimama na mtoto mgongoni. "Daktari, mimi nitachukulia wapi insulini? Kwenye fanicha?"

"Jamani, nisikilizeni," mkurugenzi alisema, shingo imemwiva. "Paa linavuja. Mhasibu wetu anafanya kazi ndoo ikiwa miguuni. Naye ni mtu!"

Mhasibu wetu, Bwana Yang, mtu mpole kuliko wote hapa, alinyanyua mguu mmoja, tukaona soksi mbichi. Watu walicheka, lakini walimwonea huruma.

Perla alikuwa amekuja. Alikuwa amekaa safu ya nyuma, mkoba magotini. Akasimama. "Kila mtu anasema pesa iende kwenye dawa. Sawa. Mtu analala chini ya daraja, mmempa insulini yake. Ataiweka kwenye friji gani? Mwanangu anamtafutia chumba. Hayo siyo matibabu?"

Macho yote yakamwendea Dada Meding. Alinyanyuka kutoka kwenye sinia za lumpia, akapangusa mikono.

"Perla, hilo hawakuniuliza kwenye kamera," alisema, kwa sauti ya chini ambayo sikujua kama anayo. "Wangeniuliza, ningejibu kama wewe. Nami nisingemaliza kujibu hadi wali upoe."

Mwisho wa mkutano ilikubaliwa kwamba paa litengenezwe, duka la fanicha lisubiri, na gari la Alhamisi liendelee. Bodi ilipitisha hivyo mwezi uliofuata, baada ya mvutano ambao siruhusiwi kuuandika hapa. Siku ile ya mkutano, Perla alifunga lumpia zilizobaki kwenye mfuko, akaondoka bila kuaga. Niliogopa urafiki umekwisha. Dada Meding aliniambia nisiwe na wasiwasi: "Mtu aliyekasirika kabisa habebi chakula changu."

Novemba hoja ilipita, kwa tofauti ndogo. Mwana wa Perla bado yuko kazini, na mama yake bado anamwombea kila Jumapili. Tumejaribu kwa kila hila kujua Dada Meding alipiga kura gani. Ruben amejaribu zaidi yetu. Anasema amemvizia hata usingizini, akaambulia jina la mchuzi.

Sasa anaondoka. Ana mpango wa kwenda Laoag kukaa na dada zake mpaka wamchoke, kisha arudi amsumbue Ruben, ambaye ameshanunua kiti cha pili cha kutazamia besiboli. Tulijiuliza nani atakaa kwenye gari la Alhamisi, kuwajua watu wa kambini kwa majina na kuwagombeza wanaoruka dozi. Mwezi uliopita mwanamke mmoja alikuja dirishani akajitolea, bila malipo. Ni Perla Agbayani. Alhamisi tatu sasa wamekwenda pamoja, Dada Meding akimfundisha njia. Perla ametoa sharti moja tu, kwamba akiwa garini asiulizwe alipiga kura gani, naye hatauliza. Kwa habari nilizonazo, njia nzima hawanyamazi, na tangu juzi wanaimba wote wawili.

Dada Meding, umetuhudumia, umetuchekesha, umetukaripia, na ulipokosa jibu ulirudi kulitafuta mbele yetu sote. Kwa hayo yote tunakushukuru. Nenda ukapumzike na Ruben wako, ule wali wako ungali moto, na Mungu akupe afya njema, usije tena dirishani kwetu ila kutusalimia.

Sokha Prum, mfamasia,
kwa niaba ya wafanyakazi wote wa Kliniki ya Mtaa wa Kusini